Paashe Anamdai Paashe

Tekla wa genge anasema Kasaine aliulizwa jina la mtu anayemdai, akasimama mbele ya hakimu mpaka mate yakamkauka, asiseme. Anasema hakimu aligonga meza mara tatu. Anasema askari alimsogelea na pingu mkononi, ndipo mke wake Nosim alipolitaja kwa kelele jina lenyewe, zima, pamoja na la baba yake, halafu akajifunika uso kwa kanga kama mtu aliyevuliwa nguo sokoni.

"Na yule mkwe wao akaanguka palepale," Tekla humalizia, huku akipanga nyanya mafungu. "Puu! Wakammwagia maji."

Anawaambia hivyo wote wanaokuja kununua vitunguu hapo Terrat, na kila siku maji yanaongezeka. Jumatatu yalikuwa kikombe, kufika Ijumaa yalikuwa ndoo.

Tekla hakuwepo mahakamani. Siku hiyo alishinda gengeni kwake, na aliyemletea habari aliletewa na mwingine. Hapakuwa na pingu, wala hakuna aliyeanguka. Nosim hakupiga kelele. Lakini kuhusu hilo jina, Tekla hakukosea sana.

Hakimu alikuwa mama wa makamo, mwenye miwani na sauti ya chini. Alilifungua kaunta buku la jalada jeusi ambalo wakili wa kina Kasaine, kijana anayeitwa Aminiel, alilileta mbele. Akasoma kimya. Akageuza ukurasa, akarudi. Kisha akasoma kwa sauti.

"Mimi Paashe nimepokea kwa Paashe marobota ya nyasi mia tisa. Naahidi kumlipa Paashe shilingi milioni tatu na laki sita kabla ya tarehe thelathini mwezi wa tisa. Sahihi." Akainua macho. "Paashe ni nani?"

Aminiel aliinuka, lakini hakimu alimwonyesha kwa kidole kwamba anamuuliza mzee.

"Ni yeye, mheshimiwa," Kasaine akasema, akielekeza kidevu upande wa pili, alikokaa Lesian.

"Na huyu Paashe anayedai?"

"Ni mimi."

"Naomba nielewe. Paashe anamdai Paashe?"

Karani aliinamia karatasi zake, mabega yakimtikisika. Mabenchi ya nyuma, ambako watu walikuwa wakingojea kesi zao, yakacheka waziwazi. Hata mtu mmoja aliyeletwa kwa kosa la kuiba betri ya gari alicheka.

Kasaine alisubiri wanyamaze. Ni mtu mrefu, ana miaka hamsini na nane, na koti alilovaa lilikuwa la harusi ya binti yake. "Mheshimiwa, sisi tumeoana. Binti yangu ameolewa na kijana wake. Siku ile mzee huyu alinipa mtamba, nikampokea. Kwetu ukishapokea mtamba kwa mtu, hamuitani tena majina. Yeye ananiita Paashe, mimi namwita Paashe. Na mke wangu vilevile."

"Jina lake hulijui?"

"Nalijua. Ila siliiti."

"Kwa hiyo angekupa mbuzi badala ya mtamba, leo ningekuwa nasoma jina hapa?"

"Hapana. Mbuzi naye ana jina lake la kuitana."

Wakacheka tena, na safari hii hakimu mwenyewe alitabasamu kidogo, akavua miwani. "Mzee, kwetu Bukoba mtu anayedaiwa tunamwandika mpaka jina la ubatizo. Aliyeandika daftari hili ni nani?"

Nosim alisimama pale alipokaa. Alikuwa ameandika yeye. Kasaine hakusoma, lakini Nosim alifika darasa la saba, ana mwandiko mzuri wa kulala kidogo, ule ambao mwalimu wake alikuwa akiwaonyesha wenzake. Siku nyasi zilipopelekwa aliandika juu ya boneti ya lori, Lesian akachukua kalamu, akachora kitu kama uzi uliokunjika, akasema, "Haya Paashe, tumeshaandikiana kama watu wa benki." Wakacheka wote. Ingekuwa tusi kumwambia andika jina lako.

"Ni mimi, mheshimiwa," alisema.

"Mwandiko mzuri," hakimu akasema, na hilo ndilo lililomuuma Nosim kuliko vicheko.

Aminiel alijaribu. Alisema jina kamili la mdaiwa limo kwenye hati ya madai. Hakimu akamjibu kwamba hati ya madai ameiandika yeye wakili mwezi uliopita. Anachouliza ni hati ya ahadi. Kisha akamgeukia Lesian, aliyekuwa ameleta maombi ya kuruhusiwa kujitetea.

Lesian alisimama bila haraka. Ana mwili, na shuka lake lilikuwa limekunjwa vizuri juu ya bega la koti. "Mheshimiwa, kuitwa Paashe sikatai. Nikikataa nitakuwa mtu wa ajabu. Lakini mzee huyu ana binti watatu wameolewa, na mitamba mitatu imeingia kwake. Kina Paashe tuko wengi. Mimi nilichukua marobota mia mbili mwezi wa sita, nikamlipa mkononi, hatukuandikiana, kwa sababu ni mkwe wangu. Hayo mia tisa awaulize wenzangu. Na sahihi yangu iko kwenye kitambulisho changu, ina herufi. Huo mnyoo siujui."

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Alipomaliza alisema taratibu, kama mtu anayemweleza mgonjwa. Kesi ya muhtasari huenda haraka kwa sababu karatasi inajisemea yenyewe, mdaiwa hana la kuongeza. Karatasi hii haijisemei. Basi mdaiwa anaruhusiwa kujitetea, na shauri litasikilizwa kama mashauri mengine, kwa mashahidi. Aliyeona marobota mia tisa yakipokelewa, na akaona yanapokelewa na nani, aletwe tarehe ishirini na saba.

Hayo tu. Kesi iliyofuata ikaitwa.

*

Nje, kwenye ukumbi mwembamba wa mahakama, Lesian aliwakuta wakiwa wamesimama ukutani. Hakupita. Alisimama mbele yao.

"Paashe."

"Paashe," Kasaine akaitika.

"Habari za nyumbani?"

"Nzuri."

"Ng'ombe hawajambo?"

"Wazima."

"Mvua je, huko Terrat?"

"Bado. Imepiga upande wa mlimani tu."

"Itakuja." Akamgeukia Nosim. "Paashe, Hanna anawasalimu sana. Na mtoto ameota meno mawili, ya chini."

"Tunashukuru, Paashe," Nosim akasema.

Lesian akaenda zake, akiwapa mkono watu wawili watatu anaowafahamu. Aminiel alikuwa amesimama kando na faili lake, mdomo wazi.

"Mzee, huyu si ndiye aliyesema sasa hivi ndani kwamba humdai?"

"Ndiye."

"Na unamwambia habari za mvua?"

"Amenisalimia," Kasaine akasema.

Aminiel ni mtoto wa Kimeru aliyesoma Iringa, hana hata miaka mitatu kazini. Alipowachukulia kesi alikuwa amewaambia maneno matamu: hii ni njia ya mkato, mdaiwa haruhusiwi kufungua mdomo mpaka aombe ruhusa, na asipoomba ndani ya siku ishirini na moja, mtashinda mkiwa nyumbani mnakunywa chai. Kwa maneno hayo waliuza magunia manne ya mahindi, wakampa laki tatu. Kuhusu daftari aliwauliza mara moja tu, "Paashe ndiye nani?" wakamjibu, naye akaridhika, kwa sababu hata yeye alielewa. Hakufikiria kwamba hakimu hataelewa.

Sasa alikuwa anawaza kwa sauti. "Ninyi wenyewe ni wadai, neno lenu dhidi ya lake halitoshi. Dereva wa lori?"

"Alihamia Tunduma," Nosim akasema. "Namba yake haipatikani. Na yeye alilala kwenye kiti wakati wanashusha."

"Wapakuzi?"

"Vijana wa barabarani. Tuliwaokota Kisongo, tukawalipa, wakashuka."

"Lakini kuna mtu alifungua geti," Aminiel akasema. "Kuna mtu alihesabu. Marobota mia tisa, safari tatu, hayaingii kwenye ua wa mtu peke yake."

Kasaine alimtazama mkewe. Nosim akatazama sakafu. Wote wawili walijua nani alifungua geti, na nani alisimama na kikombe cha bati akihesabu, jua la saa saba likimpiga, mimba ikiwa ya miezi minane.

"Mkimpata huyo," Aminiel akasema, "hata kesi haitafika mbali. Akimwona tu kwenye benchi la mashahidi, mzee yule atalipa nje, aibu ya watu. Nawaambia. Ila siku ya kusikilizwa nitahitaji laki mbili nyingine."

*

Wanawake wa kikoba, chama chao cha kuweka na kukopa, walikuja Jumamosi, wanne, na mwenyekiti wao Agnela mbele. Agnela ni mama wa Machame aliyeolewa huku, ana duka la vipodozi, na husali kanisa moja na Nosim. Walivua viatu mlangoni. Walimwambia Nosim asihangaike na chai, kisha wakanywa vikombe viwili viwili.

"Mama Hanna, hatujaja kwa ubaya," Agnela akasema.

"Karibuni tu."

"Wewe mwenyewe unajua tunavunja tarehe kumi na mbili mwezi ujao. Wanawake thelathini wanasubiri hela yao ya Krismasi. Wengine wameshanunua vitenge kwa mkopo, wanaingoja hiyo."

"Kesi imepangwa tarehe ishirini na saba."

"Kesi tumeisikia." Agnela hakusema ameisikia wapi, lakini mmoja wa wale wengine alibana mdomo kwa upande wa kanga, na Nosim akajua. "Tunaomba Mungu mshinde. Ila hiyo mahakama, mama, haiijui Krismasi."

Mmoja alikuwa ameomba kwenda msalani. Njia ya msalani haipiti zizini, lakini yeye alirudi kutokea zizini, na alipokaa alimwambia mwenzake jambo kwa sauti ya chini, akionyesha kwa viganja viwili ukubwa wa kiwele.

Nosim alikopa milioni moja na laki nane mwezi wa tano. Fedha ilikodi mashine ya kufunga nyasi, ikakodi lori, ikanunua kamba. Mipango ilikuwa miepesi: nyasi zinafungwa, Paashe anazichukua zote, anawauzia wafugaji wa Njiro ambao ng'ombe wao hula ndani ya ukuta, analipa mwezi wa tisa, mkopo unarudi, na kinachobaki kinaezeka nyumba. Nyasi zilifungwa. Paashe alizichukua zote. Watu wa Njiro walilipa.

Agnela alitoa karatasi kwenye mkoba, akaikunjua juu ya meza, akailaza kwa kiganja. "Dhamana: ng'ombe wawili wa maziwa. Uliandika mwenyewe. Hatutaki maneno na wewe, dada. Tarehe kumi na moja kama hakuna kitu, tutaleta gari. Tutawauza sisi, zinazozidi tutakurudishia mpaka shilingi ya mwisho."

"Sawa," Nosim akasema, kwa sababu hakuna neno jingine lililokuwa la kweli.

Aliwasindikiza mpaka barabarani. Walimuaga vizuri, wakamkumbatia, na Agnela akamwambia kwaya ya akina mama inafanya mazoezi Jumatano, asikose.

*

"Yule mama hachukuliwi," Kasaine alisema.

Alikuwa amesimama mlangoni mwa zizi, mgongo kwa mkewe. Humo ndani walikuwa wawili, mama na mwanawe, wote wanakamuliwa. Maziwa yao ndiyo sukari, ndiyo mafuta ya taa, ndiyo sadaka, ndiyo dawa ya presha ya Kasaine. Yule mama ndiye mtamba wa Lesian, amekua, amezaa mara tatu.

"Uliniruhusu nimwandike," Nosim akasema.

"Nilikuruhusu nikijua nitalipwa. Yule si ng'ombe wa kuuzwa mnadani na wanawake. Akiuzwa, mimi na yule mzee tunaitana nini?"

"Bado unataka kuitana naye?"

Kasaine alimsukuma kuku aliyekuwa miguuni kwa ncha ya fimbo. "Nilikwenda kwa Sakaya jana."

Sakaya ndiye mzee aliyeisimamia ndoa ya Hanna, anayekaa juu huko Oldonyosambu. Kasaine alikuwa amepanda kwake na kilo mbili za sukari. Sakaya alimpokea vizuri, akamsikiliza mpaka mwisho, kisha akamuuliza kwa nini hakuja kwanza.

"Nilikuja mwezi wa kumi," Kasaine alikuwa amemkumbusha. "Ukaniambia nisubiri, atalipa."

"Basi ungesubiri. Sasa umempeleka kwa serikali. Nikimwita hapa atasema wazee wanaingilia mahakama. Ameshaanza kuyasema."

"Nikiifuta kesi, atalipa?"

"Ukiifuta nitamwita. Atakuja. Atakunywa chai. Kulipa, hilo siwezi kukuapia."

Kasaine alimsimulia mkewe hayo yote akiwa bado hajageuka. Alipomaliza, Nosim aliuliza alichokuwa akikifikiria tangu ukumbini mwa mahakama.

"Tumwite Hanna?"

"Usiseme."

"Alihesabu yeye."

"Najua kama alihesabu!" Sasa aligeuka. "Mimi nimtoe binti yangu kwa baraka, nimpake mafuta, halafu nimwite akasimame mbele ya watu alitaje jina la baba mkwe wake? Atarudi kulala wapi? Wakimfukuza watadai ng'ombe wao saba. Ninao saba? Sina hata hawa wawili!"

"Basi tumwite nani, baba Hanna?"

Aliondoka na fimbo yake. Hakwenda mbali, maana hapakuwa na mahali pa kwenda. Nosim alimwona amesimama mwisho wa shamba, kwenye nyasi zilizobaki visiki, akitazama upande wa mlima kana kwamba kuna mtu atashuka kutoka huko.

*

Alhamisi Nosim alikwenda Olasiti bila kumwambia. Alibeba lita tatu za maziwa na kanga ya mtoto.

Kwa Lesian geti lilikuwa limepakwa rangi mpya. Upande wa kushoto wa ua, pale marobota yaliposhushwa, palikuwa na vyumba vinne vya kupangisha, bati jekundu, madirisha bado yana karatasi za dukani. Nosim alivitazama mara moja, akaacha.

Mama Gadiel, mke wa Lesian, alimpokea kwa mikono miwili. "Paashe! Umetutupa. Ingia, ingia. Hanna, mama yako!"

Hanna alitoka jikoni na mtoto mgongoni, na mkubwa wa miaka mitatu ameshika sketi. Aliinamisha kichwa, Nosim akamgusa utosini. Alikuwa amekonda shingo. Wakakaa, na mama Gadiel akakaa. Chai ikaja, mama Gadiel akaimimina. Hanna alipoinuka kuchukua sukari, mama Gadiel alisema, "Kaa na mama yako, nitachukua mimi," kisha akamtuma mtu mwingine, yeye akabaki. Waliongea habari za kipaimara cha watoto wa jirani. Waliongea bei ya mashudu. Mama Gadiel alisema vyumba vile vimewamaliza kabisa, bati siku hizi si mchezo, na wapangaji wenyewe wasumbufu, hawalipi kwa wakati.

"Watu hawalipi," Nosim akasema.

"Dunia imeharibika, Paashe."

Nosim alikunywa chai yake yote. Gadiel, mume wa Hanna, alikuwa safarini na watalii, kama kawaida. Akiwa nyumbani humsikiliza baba yake, akiwa porini simu haishiki. Hakuna mtu aliyetaja mahakama, na hakuna aliyesahau.

Alipoaga, mama Gadiel naye aliinuka amsindikize. Ndipo simu yake ilipolia ndani, mara ya kwanza, mara ya pili, akasimama katikati ya ua akitazama geti na kutazama mlango. "Nakuja," akasema. "Hanna, mtangulie kidogo tu, nawafuata."

Walitoka. Hanna alitembea haraka, na mama yake akatembea haraka. Mtoto mkubwa aliachwa getini, wakamsikia akilia.

"Tuna dakika ngapi?" Nosim akauliza.

"Ni dada yake wa Longido. Huwa haachi kuongea."

"Hanna. Siku ile ya nyasi."

"Mia tisa na nne," Hanna akasema.

Nosim akasimama.

"Tembea, yeyo, mama yangu, atatuona tumesimama. Kila kumi nilitia punje ya hindi kwenye kikombe. Punje tisini, na nne zikazidi, huko kwenu walikosea kuhesabu. Yeye mwenyewe alikuwa pale, amekaa kwenye kiti, ndiye aliyewaonyesha pa kuzipanga. Nilimwambia zimezidi nne. Akaniambia nyamaza, hizo ni za mbuzi."

"Baba yako hajui nimekuja."

"Najua. Angejua usingekuja."

"Hakimu anataka mtu aliyeona. Tarehe ishirini na saba, saa tatu asubuhi. Wakili anasema akikuona tu, atalipa. Pengine hata hutasema."

"Nitasema," Hanna akasema. "Huyo wakili hamjui mzee. Atanikazia macho mpaka niseme, na hatalipa mpaka nimeshasema. Itabidi nilitaje jina."

"Itabidi."

"Sijawahi kulitaja hata nikiwa peke yangu."

Walikuwa wamefika karibu na barabara. Vijana wawili wa bodaboda walikuwa kwenye kivuli cha ukuta, mmoja akawasha pikipiki alipowaona. Hanna alimsogeza mtoto mgongoni, akaifunga upya kanga, akachukua muda mrefu kuifunga.

"Wameniuliza," akasema. "Juzi, wakati wa kula. Mama Gadiel aliniuliza, Hanna, siku ile nyasi zilikuja ngapi? Mzee yuko pale, anatafuna nyama. Gadiel yuko pale."

"Ukasemaje?"

"Nikasema sikumbuki. Gadiel akashusha pumzi, nilimsikia." Akatupa jicho nyuma, getini. "Vyumba vile viwili vya mwisho ni vyetu, yeyo. Mzee amempa Gadiel kodi yake. Ndiyo itamsomesha huyu."

Nosim hakuwa amelijua hilo. Akamtazama mtoto wa mgongoni, aliyelala mdomo wazi, na yale meno mawili ya chini yakionekana.

"Nitakuja tarehe ishirini na saba," Hanna akasema. "Nimeshaamua tangu nilipokuona getini. Wewe ni mama yangu, na nilihesabu mwenyewe, siwezi kusema sikuhesabu. Nitalitaja jina lake wanisikie wote. Lakini na mimi nina ombi."

"Sema, mwanangu."

"Siku hiyo nikitoka mahakamani huku sirudi. Hawatanipiga, watafunga geti tu. Kesho yake watakuja kwenu kudai ng'ombe wao, na baba atawaza ng'ombe, namjua, atakaa na wazee, watasema heshima, watasema watoto ni wa kwao, mwishoni watanileta huku nipige magoti niombe msamaha." Sauti yake ilikuwa ya kawaida, kama mtu anayesoma orodha ya kwenda sokoni. "Ukiniambia sasa hivi, kabla hujapanda, kwamba nitakuja kwenu na watoto wangu wawili nikae, na hakuna mtu atakayenirudisha, basi nakuja. Sitaki baba aniambie. Niambie wewe."

Geti jipya lilisikika likifunguliwa nyuma yao, na mama Gadiel akaita, "Paashe! Mbona mnakimbia hivyo?"

"Baba yako," Nosim akaanza.

"Nimekuuliza wewe, yeyo."

"Mama, tunaenda au hatuendi?" kijana wa bodaboda akauliza.

Nosim alipanda pikipiki. Alijifunga kanga kichwani, akashika chuma cha nyuma, akakaa. Hanna alikuwa amesimama karibu kabisa, mkono wake juu ya goti la mama yake, akimtazama mdomoni. Mama Gadiel alikuwa anakuja, anapunga mkono, anacheka, viatu vyake vikivuta vumbi. Kijana akageuza shingo kuuliza wanakwenda wapi, na Nosim akamwambia, "Terrat," kisha akamtazama binti yake, na mkono ule ulikuwa bado pale gotini, unangoja.